Bulpapu za Waingereza: nzuri waliitupa, mbovu wakaing'ang'ania

Shikamooni wazee wangu, na nyie wadogo zangu wa ufundi mambo vipi. Niliombwa nije niongee kuhusu ubunifu wa vyombo vya chuma, nikaulizwa mfano wako utakuwa upi, nikasema bulpapu za Waingereza, zile bunduki ambazo mashine yake iko ndani ya kitako, basi watu wakaanza kuangaliana. Mnivumilie. Mi sio askari na sijaja kumfundisha mtu kupiga shabaha, mi kazi yangu ni ufundi mitambo, na kwa mtu wa mitambo hii habari ni tamu sana maana ni wazo moja, nchi moja, hata kiwanda ni kile kile cha Enfield kaskazini mwa London, likachorwa mara mbili kwa tofauti ya miaka thelathini hivi, mara ya kwanza likatoka zuri siasa ikaliua, mara ya pili likatoka bovu siasa ikalikumbatia.

Tuanze na umbo lenyewe ili twende pamoja. Chukua bunduki ya kawaida, tuseme AK ambayo kila mtu humu kashaiona kwa askari. Mbele kuna mtutu, halafu chemba ambayo risasi inakaa, chini yake magazini, nyuma ya magazini kuna traiga, halafu ndo kitako kinachokaa begani. Sasa jiulize kile kitako ndani yake kuna nini. Kwenye bunduki nyingi hamna kitu, ni mbao au plastiki tu inayojaza nafasi kati ya bega na mashine. Mtu wa bulpapu anasema hii nafasi inaliwa bure, anachukua chemba, bolti inayoifunga kwa nyuma na magazini anavisogeza nyuma mpaka ndani ya kitako, traiga anaiacha mbele, mtutu anauacha na urefu wake, bunduki inafupika bila mtutu kukatwa. Nawapa namba muone. Bunduki waliyokuwa nayo Waingereza kwa miaka mingi, SLR, ilikuwa na urefu wa milimita 1143 na mtutu wa 533. SA80 iliyokuja baada yake ina milimita 785 tu lakini mtutu wake ni 518. Yani mtutu wamepunguza milimita 15, bunduki nzima imepungua 358. Kwa askari anayekaa amebanana na wenzake kwenye gari la deraya au anayeshuka kwenye helikopta hiyo ni kubwa mno. Na kwanini mtutu usikatwe tu, rahisi, ni kwa sababu gesi ya baruti inaisukuma risasi muda wote iko ndani ya mtutu, ukiukata unapoteza mwendo na risasi ndogo za siku hizi uwezo wake mwingi uko kwenye mwendo.

Ila hamna cha bure. Traiga iko mbele, nyundo inayogonga risasi iko nyuma, kwa hiyo lazima upitishe fimbo ndefu katikati, na wale mliowahi kuendesha baiskeli ya Phoenix ya breki za fimbo mnajua ile hali ya kubana mkononi halafu kitu kinatokea mbali huko baadaye kidogo, ndo traiga za bulpapu karibu zote, zinabonyea kama zinafikiria kwanza. Magazini nayo iko karibu na kwapa, kuibadilisha gizani inataka mazoezi. Chemba iko chini ya shavu, kelele ziko karibu na sikio. Na kuna hili la ganda la risasi iliyokwisha kupigwa nitalirudia mbele maana lenyewe linahitaji muda wake.

Wazo sio geni. Mwaka 1901 kulikuwa na karabini ya Thorneycroft, ya kukoki kwa mkono kila risasi, inapiga risasi ile ile .303 ya Lee-Enfield, bunduki ya kawaida ya jeshi lao, ila ni fupi kwa inchi saba na nusu. Jeshi likaijaribu, likalalamika inapiga teke na haishikiki vizuri, likaitupa. Wakarudi kwenye Lee-Enfield zao, zile zile walizobeba babu zetu wa KAR, jeshi la mkoloni huku kwetu, na kwa miaka arobaini na kitu hamna aliyesumbuka tena.

Vita vya pili vilipoisha ndo mambo yakaanza kuwa ya maana. Waingereza walikaa chini wakajiuliza swali ambalo watu wa ufundi huwa tunalikimbia, kwamba hiki kitu kinafanya kazi gani hasa? Wakaangalia mapigano ya kweli wakaona askari wa miguu kwa kawaida hapigani zaidi ya mita 300 hivi, sasa kwanini anabebeshwa risasi ya kumfikia mtu aliye mbali kuliko anavyoweza kumuona. Wajerumani walishaligundua hilo wakati wa vita na Warusi pia. Basi jopo la wataalamu wa Kiingereza likaanza na risasi kabla ya bunduki, na hapa naomba mnisikilize vizuri maana ndo utaratibu sahihi, risasi kwanza halafu chombo. Ikatoka risasi ya .280, ya milimita 7 kwa kipimo chao, fupi kuliko zile za zamani, teke lake dogo, lakini inafika mbali vya kutosha.

Halafu ikaja bunduki ya kuipiga. Pale Enfield zilichorwa mbili, EM-1 ya Stanley Thorpe na EM-2 ya Mpoland mmoja anaitwa Stefan Janson, maana baada ya vita Uingereza ilijaa mafundi wa silaha kutoka Ulaya mashariki ambao kwao palikuwa hapaendeki. EM-1 tuiache. EM-2 ndo ile ambayo ukiiona leo unaweza kudhani imechorwa miaka ya themanini. Milimita 889 kwa jumla na mtutu wa milimita 623! Mtutu mrefu kuliko wa SLR iliyokuja kuchukua nafasi yake, kwenye bunduki fupi kuliko hiyo SLR kwa robo mita. Inapiga moja moja au mfululizo, magazini ya risasi 20. Na juu yake kuna mpini wa kubebea, ndani ya mpini wamejenga darubini ndogo isiyokuza kitu, kazi yake ni kumrahisishia kuruta, weka alama kwenye adui piga, hamna habari ya kupanga vyuma viwili kwenye mstari huku moyo unakudunda. Kumpa kila askari wa kawaida kioo cha kulengea wakati huo ilikuwa ni jambo la ajabu, majeshi mengi yalikuja kulifanya miaka arobaini, hamsini baadaye.

Sio kwamba haikuwa na kasoro, tusiisifie kupita kiasi kama wanavyofanya wapenzi wake. Bolti yake ilifunga kwa vipande viwili vinavyotanuka pembeni, kazi ya mashine nyingi na vipimo vikali, kuitengeneza kwa malaki ingekuwa ghali. Lakini ilikuwa inafanya kazi. Aprili 1951 waziri wa ulinzi wa serikali ya Labour, Emanuel Shinwell, akasimama bungeni akatangaza kwamba jeshi la Uingereza linaichukua. Ikapewa na jina rasmi kabisa, Rifle No. 9. Kwenye karatasi Uingereza ilikuwa nchi ya kwanza kupitisha bulpapu kuwa bunduki ya jeshi zima.

Kwenye karatasi. Maana Wamarekani walikuwa hawataki hata kusikia. NATO, ule muungano wa kijeshi wa nchi za Magharibi, ilikuwa ndo kwanza imezaliwa, watu wanataka risasi ya aina moja kwa wote, na kule Marekani kwenye idara ya silaha alikuwepo Kanali René Studler ambaye imani yake ni kwamba risasi ya askari lazima iwe .30 na iwe na nguvu kamili, hizo ndogo ni za watoto. Majaribio yalifanyika Marekani mwaka 1950, .280 haikufanya vibaya hata kidogo, Canada na Ubelgiji nao walikuwa wanaiangalia kwa jicho zuri, haikusaidia. Oktoba 1951 Labour wakashindwa uchaguzi, Churchill akarudi, na Churchill hesabu yake ilikuwa moja, urafiki na Marekani ni muhimu kuliko bunduki. Januari 1952 yuko Washington anaongea na Truman, baada ya hapo EM-2 ilikuwa maiti inayosubiri kuzikwa. Risasi ya Wamarekani, 7.62 ya NATO, ikapita. EM-2 walijaribu kuibadilisha ipige hiyo risasi kubwa lakini chombo kilichochorwa kwa ajili ya risasi fulani ukikilazimisha risasi nyingine kinakuwa kitu kingine, na mwaka 1954 wakachukua FAL ya Wabelgiji wakaiita L1A1, ile SLR, wakaiondolea uwezo wa kupiga mfululizo kwa sababu risasi yenyewe ilikuwa na nguvu mno kwa hiyo kazi. Wazee wangu wa Dar hiyo mnaifahamu, makomando wa Kiingereza walioshuka Colito Januari 1964 wakati wa maasi ya jeshi, pale panapoitwa Lugalo sasa, SLR ndo ilikuwa bunduki yao.

Sasa kinachouma ni kwamba miaka kumi haikuisha vizuri, Wamarekani hao hao waliosema .280 ni dhaifu wakaiacha 7.62 yao kwa askari wa kawaida wakahamia M16 yenye risasi ya 5.56, ndogo kuliko hata ile ya Waingereza. Na 2022 jeshi lao limechagua tena risasi mpya ya milimita 6.8. Mi sisemi kitu.

Haya, tuingie ngwe ya pili. Mwishoni mwa miaka ya sitini na kuingia sabini Enfield wakaanza upya. Safari hii wakachora risasi yao nyingine ndogo ya milimita 4.85, na bunduki ya kuipiga, tena bulpapu. Mwaka 1976 wakaionyesha hadharani, wakaipeleka kwenye majaribio ya NATO yaliyoanza 1977, matokeo mnayakisia wenyewe, risasi iliyoshinda ni 5.56 ya Wabelgiji. Waingereza wameshindwa risasi mara ya pili! Ila ganda la 4.85 lilikuwa limetokana na la 5.56, kubadilisha halikuwa tatizo kubwa, kwa hiyo safari hii risasi ikafa bunduki ikabaki. Ndo SA80, kwa jina la ghalani L85A1.

Nikifungua SA80 mbele yenu mtu anayejua silaha atasema hii mbona AR-18. Na ni kweli, moyo wake ni wa Armalite AR-18, bunduki ya Kimarekani ya miaka ya sitini, pistoni fupi ya gesi, bolti inayozungushwa, inateleza kwenye fimbo za kuongozea. Tena AR-18 ilikuwa inatengenezwa Uingereza kwenyewe, kiwanda cha Sterling pale Dagenham. Hamna ubaya kuanzia kwenye kitu kinachofanya kazi, mi mwenyewe wanafunzi wangu nawaambia msianze na karatasi tupu. Na AR-18 ilichorwa makusudi iwe rahisi, mwili wake ni shiti ya chuma iliyokandamizwa na kuchomelewa, ili hata nchi isiyo na mashine kubwa iweze kuitengeneza. Ndo maana inashangaza kwamba Uingereza, nchi ya mapinduzi ya viwanda, ilishindwa kukandamiza shiti vizuri.

Maana walishindwa. Shiti ya mwili ilikuwa nyepesi, ukiibana inanepa, vipande havikai kwa usawa kutoka bunduki moja kwenda nyingine. Ndo kipindi cha Thatcher, viwanda vya silaha vya serikali vinaandaliwa kuuzwa, Royal Ordnance inapambwa kwa ajili ya mnunuzi na oda kubwa ya bunduki ndo pambo lenyewe, jeshi lilikabidhiwa za kwanza Oktoba 1985, mwaka 1987 British Aerospace wakanunua kampuni, 1988 wakafunga Enfield, kiwanda kilichokuwepo tangu 1816, mitambo ikahamishiwa Nottingham katikati ya uzalishaji. Hebu fikirieni mko kwenye karakana mnajua mnafungiwa, nani atakaa usiku kurekebisha dai, ile kalibu ya shiti, inayokandamiza vibaya? Mi siwalaumu wale mafundi.

Vituko vya A1 ni vingi, nachagua vichache. Kitufe cha kuachia magazini kilikuwa kimetokeza upande wa kushoto, upande ambao bunduki inalala kwenye kifua cha askari ikiwa imening'inia mkanda, basi anatembea doria kitufe kinagusa kifua, magazini inadondoka kwenye majani bila yeye kujua, na hii sio kosa la kiwandani hata kidogo, ni la mtu aliyechora bila kuvaa mkanda akatembea nayo. Kava la juu la vyuma vya gesi lilikuwa linafunguka lenyewe, askari wakawa wanalibana kwa utepe wa gundi. Plastiki ya sehemu ya shavu ilikuwa inayeyuka ikikutana na dawa ya mbu ya jeshi lenyewe! Yani idara moja inampa askari dawa ajipake, idara nyingine inampa bunduki ya kuweka kwenye shavu lile lile. Pini za kugonga zilikatika. Halafu 1991 wakaenda nayo Ghuba kwenye vita vya Kuwait, mchanga ukaingia, zikawa zinajam pamoja na kusafishwa kila wakati, ripoti ya ndani ya jeshi ikaandika hivyo, ikavuja, wizara ikaanza kwa kukana. Makomando wao wa SAS hawakuigusa kabisa, wao walibaki na M16 na baadaye za jamii hiyo kutoka Canada.

Na nduguye, ile LSW, ilipigwa vibaya zaidi. Ni SA80 yenye mtutu mrefu na miguu miwili mbele, ilitakiwa iwe mashinigani ya kikosi, lakini magazini ni ya risasi 30 na mtutu haubadilishwi ukichemka, sasa hiyo utaifyatua mfululizo kwa muda gani. Ajabu yake ilikuwa inalenga vizuri mno, mwishowe wakaipa kazi ya kupiga mbali moja moja, wakanunua Minimi za Wabelgiji kwa kazi ya mfululizo.

Hapa lazima niwe mkweli upande wa pili pia. SA80 ilivyokuwa haijajam ilikuwa inapiga shabaha kuliko SLR kwa mbali. Ilikuja na darubini ya SUSAT inayokuza mara nne, kuruta wa wiki chache alama zake uwanjani zikapanda mpaka majaribio ya shabaha ya jeshi ikabidi yaongezwe ugumu. Wazo la EM-2 lile, kioo kwa kila mtu, lilirudi na likalipa.

Sasa lile suala la ganda nililoahidi. Risasi ikishapigwa ganda linarushwa nje kwa kasi upande wa kulia, na kwa sababu chemba iko chini ya shavu, tundu la kutokea ganda liko hapa, sentimita chache kutoka mdomoni. Ukiweka bega la kulia, ganda linakwenda zake hewani, hata hulioni. Ukihamia bega la kushoto, mdomo wako ndo uko kwenye njia ya ganda, na mkono wa kukoki unakwenda na kurudi mbele ya meno. Austria kwenye Steyr AUG yao unaweza kubadilisha bolti ukahamisha tundu upande wa pili, Ufaransa kwenye FAMAS nao waliweka njia ya kugeuza. Uingereza hawakuweka kitu, wakaamua kila askari apige kwa kulia, mwenye shoto afundishwe kulia, basi. Na mjini ukiwa unachungulia kona ya kushoto ya ukuta inabidi utoe mwili wote nje ndo upige, mwenzako mwenye bunduki ya kawaida anahamisha bega tu. Mi nikiulizwa kasoro moja ya SA80 ambayo hamna pesa ya kuirekebisha, nataja hii, maana nyingine zote zilirekebishwa.

Zilirekebishwaje? Kwa Wajerumani. Heckler & Koch wa Oberndorf, ambao wakati huo walikuwa mali ya hao hao British Aerospace, kwa hiyo usiseme Mwingereza aliomba msaada, aliipigia simu kampuni yake. Kuanzia mwaka 2000 bunduki kama 200,000 zikapelekwa, gharama pauni milioni 92, na ukiangalia walichobadilisha ni karibu kila kitu kinachotembea ndani: bolti, kikwapuzi cha ganda, pini, nyundo, springi, sehemu za gesi, magazini mpya za chuma, mkono wa kukoki ukapewa umbo la kama koma ili ganda likigonga pale lisirudi ndani. Mwili wa nje ukabaki. Hiyo ndo L85A2. Mwanzoni Afghanistan 2002 malalamiko yakasikika tena, wakubwa wakasema ni usafishaji, askari wakanuna, lakini kadiri miaka ya Helmand, jimbo la huko huko Afghanistan, ilivyokwenda kelele zikaisha na wengi waliopigana nayo kule wanaisifia mpaka leo. Tatizo jina likishaharibika limeharibika, hata pale Nanyuki kwenye kambi ya mazoezi ya Waingereza bado utasikia watu wanarudia stori za 1991 kuhusu bunduki ambayo ndani yake imeshabadilishwa yote.

Ikaja A3 baadaye, rangi ya udongo, reli za kufungia vifaa mbele, mtutu haugusani tena na kava la mkono, ni maboresho tu sina la kuongeza.

Sasa wanaondoka kwenye bulpapu kabisa. Mwaka 2023 Uingereza ilitangaza kununua L403A1, bunduki ya umbo la kawaida ya jamii ya M16 kutoka kampuni ya Knight's ya Marekani, kwa Ranger Regiment na Royal Marines, na mradi wa kuibadilisha SA80 kwa jeshi zima wameupa jina la Grayburn. Ufaransa iliacha FAMAS ikachukua ya Kijerumani, New Zealand iliacha Steyr, China nayo imeanza kuacha ya kwake. Watu wanasema bulpapu imeshindwa. Mi naona hesabu ndo imebadilika. L403 mtutu wake ni inchi 13.7 tu, milimita 348, maana risasi za 5.56 za sasa zimeboreshwa zinafanya kazi hata kwenye mtutu mfupi hivyo, halafu mbele yake wanafunga kizuia sauti. Mtutu ukishakuwa mfupi ile robo mita uliyokuwa unaiokoa kwenye kitako haina thamani ile ya 1951. Na kitako sasa hivi kimepata kazi, kinarefushwa na kufupishwa, askari mwembamba, mnene, aliyevaa fulana ya kuzuia risasi, wa kushoto, wa kulia, kila mtu anakivuta anavyotaka, kwenye bulpapu utakivuta vipi wakati ndani yake kuna mashine.

Kwa hiyo ukiniuliza kama Janson alikosea kuchora EM-2 vile, nitakwambia kwa risasi yake na kwa mwaka wake alikuwa sahihi kuliko waliomkatalia. Wale wa Enfield wa miaka ya themanini kosa lao halikuwa umbo. Ni kitufe, shiti na haraka. Haya, maswali, tuanzie na dada wa pale pembeni ya dirisha, halafu mzee, na tafadhali msiniulize bei.